Noeline Taurua: Kocha Aliyevuka Bahari Akarudi na Kombe

Jumapili ya tarehe 8 Aprili 2018, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola iliyofanyika Gold Coast, Australia, timu ya netiboli ya Malawi iliifunga New Zealand 57 kwa 53. Kwa mgeni wa mchezo huu hayo yanaweza kuonekana matokeo kama mengine. Kwa anayeujua ilikuwa habari ya kumwamsha jirani usiku. Tangu Kombe la Dunia la netiboli lianze mwaka 1963, hakuna nchi iliyolichukua isipokuwa Australia na New Zealand; mara moja tu, mwaka 1979, Trinidad na Tobago waliligawana nao. Malawi hawakuwahi kuwafunga Silver Ferns, kama timu ya New Zealand inavyoitwa. Siku hiyo waliwafunga.

Mambo hayakuishia hapo. New Zealand walifungwa na Uingereza, wakachapwa na Australia 65 kwa 44 katika nusu fainali, kisha wakapoteza mechi ya medali ya shaba mbele ya Jamaika, 60 kwa 55. Walirudi nyumbani mikono mitupu, jambo ambalo halikuwahi kuwakuta tangu netiboli iingizwe katika michezo hiyo mwaka 1998. Uchunguzi ukafanyika, na kocha Janine Southby akajiuzulu. Nchi ikaanza kuulizana nani atakayeweza kuinyanyua timu hiyo wakati Kombe la Dunia lilikuwa limebakiza takriban mwaka mmoja.

Jina lililotajwa zaidi lilikuwa la mwanamke aliyekuwa ng'ambo ya bahari, akiwafundisha Waaustralia.

Noeline Taurua alizaliwa mwaka 1968. Ni Mmaori wa kabila la Ngāpuhi, lenye chimbuko lake kaskazini ya mbali ya New Zealand. Katika nchi hiyo netiboli ni mchezo wa kila mtoto wa kike: unachezwa shuleni, mtaani na vijijini, na Jumamosi asubuhi viwanja hujaa wazazi wenye makoti na chupa za chai. Wamaori wamekuwa nguzo ya mchezo huo kwa vizazi. Waimarama Taumaunu, nahodha wa zamani wa Silver Ferns ambaye baadaye aliifundisha timu hiyo hiyo, ni mmoja wao. Taurua alikulia katika desturi hiyo, na mwaka 1994 akavaa sare nyeusi ya taifa.

Aliichezea New Zealand mechi 34 hadi mwaka 1999. Haikuwa miaka mizuri kwa Silver Ferns. Mwaka 1995, kwenye mashindano ya dunia mjini Birmingham, Afrika Kusini waliorejea kutoka kwenye vikwazo vya ubaguzi wa rangi waliwatoa New Zealand kwenye njia ya fainali, wakiongozwa na mfungaji mrefu aitwaye Irene van Dyk. Mwaka 1998, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola ya Kuala Lumpur, dhahabu ilikwenda Australia. Mwaka 1999 fainali ya dunia ilichezwa Christchurch, mbele ya mashabiki wa nyumbani, na Australia wakashinda 42 kwa 41 kwa goli la dakika ya mwisho kabisa. Kizazi kizima cha wachezaji wa New Zealand kilikua kikijifunza uchungu wa kufungwa kwa goli moja.

Taurua hakuwa nyota wa kubandikwa kwenye kuta za mabweni, na mechi 34 si nyingi katika nchi ambayo wapo waliozidi 100. Huenda hilo ndilo lililomfaa. Mchezaji anayeingia na kutoka kikosini hujifunza kuutazama mchezo akiwa benchi, huona mambo ambayo aliye ndani ya uwanja hayaoni, na huelewa anavyojisikia mwenzake asiyetajwa kwenye orodha. Alipoacha kucheza, alichukua ukocha.

Kazi yake ya kwanza kubwa ilikuwa Waikato Bay of Plenty Magic, timu ya kanda ya kati ya Kisiwa cha Kaskazini. Wakati huo ligi ya New Zealand ilikuwa mali ya Southern Sting kutoka kusini mwa nchi, waliochukua ubingwa mwaka baada ya mwaka kuanzia 1999. Chini ya Taurua, Magic waliuvunja utawala huo, wakatwaa ubingwa mwaka 2005 na tena 2006. Katika kikosi chake alikuwamo Irene van Dyk yule yule aliyewatesa New Zealand mwaka 1995. Alikuwa amehamia nchini humo mwaka 2000 na sasa alikuwa akiifungia New Zealand. Alikuwamo pia kiungo kijana Laura Langman, mwenye mapafu ya mbio ndefu, na mlinzi Casey Williams, ambaye baada ya kuolewa alijulikana kama Casey Kopua. Majina hayo mawili msomaji ayaweke akilini.

Mwaka 2008 ilianzishwa ligi ya pamoja ya klabu za Australia na New Zealand. Kwa klabu za New Zealand ulikuwa mlima. Magic walifika fainali ya msimu wa kwanza, wakafungwa Sydney na New South Wales Swifts 65 kwa 56. Mwaka 2010 wakafika tena, wakafungwa na Adelaide Thunderbirds. Kila mwaka kombe lilibaki Australia.

Msimu wa 2012 ulianza vibaya kuliko yote. Magic walipoteza mechi 4 za mwanzo mfululizo. Kocha anayepoteza mechi 4 huanza kusoma jina lake kwenye magazeti kwa wasiwasi. Taurua hakubomoa kikosi. Aliwaacha wazoefu wake waendelee, timu ikaanza kushinda, ikaingia hatua ya mtoano na kufika fainali Melbourne, kwenye uwanja wa wenyeji Melbourne Vixens. Magic walishinda 41 kwa 38. Ligi hiyo ilidumu hadi 2016, na katika misimu yote 9 hakuna klabu nyingine ya New Zealand iliyowahi kuchukua ubingwa wake.

Mtu angedhani baada ya hapo njia ya kwenda timu ya taifa ilikuwa nyeupe. Haikuwa hivyo. Taumaunu alipoachia ngazi baada ya Kombe la Dunia la 2015, Taurua alikuwa miongoni mwa waliotajwa kumrithi, lakini kazi akapewa Janine Southby, kocha wa klabu ya Southern Steel. Kiti cha Southby pale Steel kikabaki wazi, na aliyekikalia msimu wa 2016 akawa Taurua. Aliyekosa nafasi ya juu alichukua ile iliyoachwa na aliyeipata, akaifanya kwa bidii ile ile, bila kununa hadharani.

Kisha akavuka bahari. Ligi ya pamoja ilipovunjwa, Australia walianzisha ligi yao wenyewe mwaka 2017, na mojawapo ya klabu zake mpya ilikuwa Sunshine Coast Lightning, iliyowekwa kaskazini mwa Brisbane kwa ushirikiano wa klabu ya ragbi ya Melbourne Storm na chuo kikuu cha eneo hilo. Haikuwa na historia, haikuwa na mashabiki wa kurithi. Taurua alipewa kuijenga kuanzia msingi.

Aliowakusanya wanastahili kutajwa, kwa sababu hadithi yote ya baadaye imo ndani yao. Unahodha alimpa Geva Mentor, golikipa mrefu wa timu ya taifa ya Uingereza. Mbele ya Mentor, katika nafasi ya ulinzi ya GD, alisimama Karla Pretorius wa Afrika Kusini, mwizi wa mipira ambaye mwaka 2019 angetajwa mchezaji bora wa Kombe la Dunia. Mbele kabisa, kwenye nafasi ya kufunga ya GS, alikuwapo Caitlin Bassett, ambaye baadaye angekuwa nahodha wa Australia, akisaidiwa na Stephanie Wood. Katikati, Laura Langman alimfuata kocha wake wa zamani.

Msimu wa kwanza tu, Lightning wakawa mabingwa, wakiwapiga Giants wa Sydney 65 kwa 48 katika fainali. Msimu wa 2018 walisuasua, wakamaliza nafasi ya nne, nafasi ya mwisho ya kuingia mtoano. Wakapanda ngazi moja baada ya nyingine hadi fainali ya Perth mbele ya West Coast Fever na maelfu ya mashabiki wao, wakashinda 62 kwa 59. Ubingwa mara mbili katika miaka miwili ya uhai wa klabu. Muda mfupi baada ya fainali hiyo, New Zealand ikamwita nyumbani.

Wahenga wa pwani walisema mwenda tezi na omo hurejea ngamani. Taurua alirejea, lakini alirejea na masharti, na la kwanza liligusa kanuni iliyokuwa ikiisumbua timu kwa miaka. Chama cha netiboli cha New Zealand kilikuwa na sheria kwamba anayetaka kuichezea Silver Ferns lazima acheze ligi ya ndani. Nia yake ilikuwa njema: kuilinda ligi isihamwe na wachezaji bora wanaofuata mishahara ya Australia. Matokeo yake yalikuwa kwamba Langman, kiungo bora kuliko wote nchini, hakuwapo Gold Coast mwaka 2018, kwa kuwa alikuwa akicheza Lightning.

Ukumbuke sasa nani aliyewafunga siku ile. Mfungaji mkuu wa Malawi, Mwai Kumwenda, alikuwa amenolewa makali katika klabu ya Tactix ya Christchurch kuanzia 2014, kisha Melbourne Vixens. Malawi waliwafunga New Zealand kwa mchezaji aliyekomaa kwenye viwanja vya New Zealand na Australia, huku New Zealand wenyewe wamemwacha nje Langman kwa kosa la kucheza Australia.

Taurua alitaka kibali maalumu kwa wachezaji wake, na akakipata. Langman alirudi, akapewa unahodha, huku akiendelea kuichezea Lightning. Maria Folau, mfungaji mwenye mikono ya kurusha kutoka ukingo wa duara, alikwenda Adelaide na bado akabaki Silver Fern. Kocha akamwendea pia Casey Kopua, aliyekuwa ameshaiaga timu ya taifa na ana mtoto wa kulea, akamrudisha ulinzini. Watu walinung'unika: timu iliyoanguka inajengwa kwa kina mama waliostaafu?

Sharti la pili lilikuwa pumzi. Hapa inafaa kueleza kidogo kwa asiyecheza. Netiboli ina dakika 60, robo 4 za dakika 15. Mwenye mpira haruhusiwi kutembea nao wala kuudundisha. Ana sekunde 3 tu za kuuachia. Kila mchezaji ana eneo lake, na wanaoruhusiwa kufunga ni wawili, GS na GA, tena wakiwa ndani ya duara lenye nusu kipenyo cha mita 4.9, pete ikiwa juu mita 3.05 bila ubao wa nyuma. Kwa sababu mwenye mpira amefungwa miguu, kazi yote iko kwa wasio na mpira: kukimbia, kusimama ghafla, kugeuka, kukimbia tena, kila sekunde 3. Anayechoka huchelewa nusu hatua, na nusu hatua hiyo ndiyo mpira unaoibwa. Taurua aliweka viwango vya utimamu wa mwili, akavisimamia bila kutazama jina la mtu. Ambaye hakuvifikia, hata awe na kipaji gani, hakuitwa.

Kombe la Dunia lilianza Liverpool tarehe 12 Julai 2019. Afrika ilipeleka timu nne, na zote zikaingia nane bora: Afrika Kusini ya nne, Malawi ya sita, Uganda ya saba, Zimbabwe ya nane. New Zealand waliwekwa kundi moja na Malawi, na safari hii hawakufanya mzaha. Walishinda mechi zao hadi walipokutana na Australia katika hatua ya pili, wakafungwa 50 kwa 49. Goli moja, kama kawaida. Ila waliotazama mechi ile waliona timu iliyomaliza ikiwa na nguvu.

Nusu fainali ilikuwa dhidi ya Uingereza, wenyeji na mabingwa wa Jumuiya ya Madola. Chini ya pete ya Waingereza alisimama Geva Mentor, nahodha wa Taurua katika miaka miwili ya Lightning. Kocha alijua anavyoruka, anavyosimama na anavyojipanga kabla mpira haujaingia duarani. New Zealand walishinda 47 kwa 45.

Siku iliyofuata, tarehe 21 Julai, ilikuwa fainali, na ng'ambo ya uwanja walisimama wanafunzi wengine: Bassett, sasa nahodha wa Australia, na Wood. Australia walikuwa wamechukua kombe mara tatu mfululizo, 2007, 2011 na 2015, na kila mara waliofungwa fainali walikuwa New Zealand. Langman alikuwa na umri wa miaka 33, Kopua 34. Mechi ilipelekana bega kwa bega. Walinzi wa New Zealand waliifunga njia ya mpira mrefu wa kwenda kwa Bassett, mpira ambao kocha wao alikuwa ameufundisha yeye mwenyewe kwa misimu miwili. Folau alirusha kutoka mbali, Ameliaranne Ekenasio akafunga kutoka karibu. Robo ya mwisho Australia walipunguza pengo hadi likabaki goli moja, 52 kwa 51, na mpira ukiwa mikononi mwa New Zealand.

Kilichofuata hakikuwa na goli lolote, lakini ndiyo picha bora ya kazi ya Taurua. Badala ya kuharakia kurusha na kuhatarisha mpira kudunda mikononi mwa walinzi, wachezaji wake waliuzungusha: pasi, sekunde 3, pasi, mtu mwingine akifunguka, pasi tena, huku Waaustralia wakiwakimbiza. Timu iliyochoka haiwezi kufanya hivyo mwishoni mwa dakika ya 60, na yenye wasiwasi hupiga pasi mbaya. Filimbi ikalia. New Zealand wakawa mabingwa wa dunia kwa mara ya kwanza tangu 2003, na safari hii goli moja lilikuwa upande wao.

Kopua alistaafu siku ile ile. Kwenye orodha ya heshima za mwaka mpya wa 2020, Taurua alipewa cheo cha Dame. Lois Muir, ambaye naye alikuwa mchezaji wa timu ya taifa kabla ya kuifundisha na kushinda makombe ya 1979 na 1987, alikuwa amepewa cheo hicho kabla yake. Hiyo ndiyo desturi ya New Zealand: mchezaji hatupwi akichoka miguu, hupewa ubao na filimbi.

Miaka iliyofuata ilikuwa ya kupanda na kushuka. Mwaka 2021 Silver Ferns waliwanyang'anya Australia Kombe la Constellation, linaloshindaniwa na nchi hizo mbili, ambalo hawakulishika tangu 2012. Katika Michezo ya Jumuiya ya Madola ya Birmingham 2022 walipata shaba. Mwaka 2023 Kombe la Dunia lilikuja Afrika kwa mara ya kwanza, mjini Cape Town, na New Zealand wakaonja nguvu ya wenyeji: walitoka sare 48 kwa 48 na Afrika Kusini, wakiwa wamempoteza mfungaji wao mrefu Grace Nweke kwa jeraha la goti. Walifungwa na Uingereza katika nusu fainali, kisha na Jamaika, wakamaliza wa nne. Uganda walimaliza wa tano, nyuma yao tu. Mwaka 2024 Kombe la Constellation likarudi tena New Zealand.

Septemba 2025 likazuka la kuzuka. Siku chache kabla ya mechi na Afrika Kusini, chama kilimsimamisha Taurua na wasaidizi wake baada ya malalamiko ya baadhi ya wachezaji kuhusu mazingira ndani ya timu. Yvette McCausland-Durie alishika nafasi kwa muda. Nchi iligawanyika, wengine wakiona nidhamu imezidi, wengine wakiona wachezaji wa siku hizi hawataki kusukumwa. Baada ya wiki kadhaa za mazungumzo, mwishoni mwa Oktoba, alirudishwa kazini. Tukio hilo linastahili kubaki katika historia yake pamoja na makombe, maana kocha hupimwa pia kwa namna anavyoishi na wachezaji asiowaridhisha, na mchezaji ana haki ya kusikilizwa kama kocha alivyo na haki ya kudai bidii.

Ukiangalia kazi yote kwa jumla, ushindi wa 2019 haukutoka kwenye siri ya ubaoni. Ulitoka kwenye milango iliyofunguliwa. Taurua mwenyewe alikwenda kufanya kazi kwa mpinzani, akarudi anamjua mpinzani kwa ndani. Akakifungulia chama chake macho kwamba mchezaji aliye nje ya nchi bado ni mali ya nchi. Akamfungulia mlango mwanamke aliyejifungua na kuambiwa zama zake zimepita.

Hayo yanatuhusu. Peace Proscovia wa Uganda alijiunga na Sunshine Coast Lightning mwaka 2019, Taurua akiwa bado kocha wa klabu hiyo, na alichojifunza huko kilirudi Kampala akiwa nahodha wa timu ya taifa, She Cranes. Nchini Tanzania netiboli ina uhai shuleni, kwenye michezo ya sekondari ya UMISSETA, kwenye michezo ya watumishi wa serikali ya SHIMIWI na katika timu za majeshi. Mabinti wenye mikono na miguu tunao. Tunachokosa ni hatua ya pili: wachezaji wetu wa taifa wakishastaafu huenda nyumbani, na elimu yao huenda nao. Chama cha netiboli cha Tanzania, CHANETA, na vyama vya jirani vina kazi mbili zisizohitaji uwanja mpya. Ya kwanza ni kuwapeleka waliostaafu kwenye mafunzo ya ukocha wakiwa bado wanaukumbuka mchezo. Ya pili ni kuwaruhusu wanaopata klabu nje waende, na kuwaita warudi taifa linapowahitaji. Kombe la Dunia lijalo litachezwa Sydney mwaka 2027. Muda wa kuanza ni sasa.